Bibi kwenye skrini anataka nini?

SWALI: Mwalimu, habari za kazi. Mimi ni mwalimu mstaafu, nina miaka 60, naishi Tanga. Binti yangu amenilipia Netflix, na siku hizi natazama Grace and Frankie: wanawake wawili waliopita miaka 70, wameachwa na waume zao, wanagombana, wanafungua biashara, wana wapenzi. Nilicheka mpaka mjukuu akaja kuuliza kulikoni. Usichana wangu mimi niliumaliza kwenye picha za Kihindi, ambako kazi ya mama ilikuwa kulia. Na muvi zetu za Kibongo, ukimwona bibi ujue ni mchawi. Akipata nafuu kidogo, ni mama mkwe mwenye gubu. Je, ni kweli huko duniani mambo yamebadilika, au ni hao wawili tu waliobahatika? Na kwa nini kwetu hayabadiliki?

JIBU: Shikamoo mama, na ahsante. Hili ni swali ambalo wanafunzi wangu wa filamu hawaniulizi, kwa sababu wengi wao bado vijana, na kwao mwanamke mzee ni mtu wa kupita nyuma ya steringi akiwa na ndoo.

Ndiyo, yamebadilika. Ila usidhani watu wa sinema wameingiwa na huruma. Pesa za filamu zimeanza kupita njia nyingine, na waandishi waliokuwa vijana juzi nao wamezeeka. Kwetu mambo hayo mawili yamefika nusu nusu, ndiyo maana bado unamwona yule yule kigagula.

Kabla sijaenda mbali, nikupe kipimo ninachokitumia mimi. Ukikaa mbele ya skrini, usihesabu mvi. Jiulize: mwanamke huyu anataka nini, na anakitaka kwa ajili ya nani? Kwa miaka mingi majibu yalikuwa mawili tu. Ama anataka kitu kwa ajili ya mwanawe, huyo ndiye mama wa kulia. Ama anataka kumharibia mtu maisha, huyo ndiye mchawi, na mama mkwe ni mdogo wake. Wote wawili hawana lao. Grace na Frankie wamekuchekesha kwa sababu wanataka vitu vyao wenyewe, vingine vya kijinga kabisa.

Tuanzie kwenye picha za Kihindi, kwa kuwa ndizo zilizotulea wengi wetu ukanda huu wa pwani. Bila shaka unaikumbuka Deewaar ya 1975. Ndugu wawili wamekutana usiku chini ya daraja, mmoja tajiri wa magendo, mwingine polisi. Amitabh Bachchan anamhesabia mdogo wake alivyonavyo: majumba, fedha benki, gari. Wewe una nini? Shashi Kapoor anajibu taratibu kwamba yeye ana mama. Sinema nzima ilikuwa inalipuka hapo. Lakini tazama tena kwa jicho la leo: mama ametajwa kama jibu la hesabu ya mali. Mmoja ana gari, mwingine ana mama. Mama mwenyewe hayupo chini ya daraja, na hapo hasemi neno.

Nirupa Roy, aliyemwigiza mama huyo, alizaliwa 1931. Bachchan alizaliwa 1942. Mama alimzidi mwanawe miaka 11. Na hapo wamejitahidi! Katika Mother India ya 1957, Nargis anaigiza tangu akiwa bibi harusi mpaka amekuwa bikizee mwenye nywele nyeupe, na mwanawe mkorofi ni Sunil Dutt. Wote wawili wamezaliwa Juni 1929, wakipishana siku chache tu. Mwaka uliofuata wakaoana. Rakhee ndiye anayenishangaza kuliko wote. Mwaka 1982 alitoka kwenye Bemisal kama mwanamke ambaye Bachchan anampenda kimoyomoyo, na mwaka huo huo akatoka kwenye Shakti kama mama mzazi wa Bachchan. Kwa miaka halisi, Rakhee ni mdogo kwa Bachchan.

Kumbe hata yule mama wa kulia uliyekuwa ukimtazama hakuwa mwanamke mzee. Alikuwa msichana au mwanamke wa makamo aliyepakwa unga kichwani. Mwanamke mzee wa kweli hakupewa hata nafasi ya kulia. Sote tulizoea kusema steringi hafi. Ukweli ni kwamba pia alikuwa hazeeki, na wanawake waliomzunguka ndio waliozeeka kwa niaba yake.

Marekani hawakuwa na tofauti. Cary Grant alipewa mama, Jessie Royce Landis, aliyemzidi miaka isiyofika kumi, kwenye North by Northwest ya 1959. Angela Lansbury alikuwa mama wa Laurence Harvey mwaka 1962 huku akimzidi miaka mitatu. Sally Field alimwigiza mwanamke anayependwa na Tom Hanks mwaka 1988, na ilipofika 1994, kwenye Forrest Gump, akawa mama yake. Miaka sita imetosha kumtoa kwenye mapenzi na kumpeleka kwenye umama, wakati Hanks ameendelea kuwa Hanks.

Waliokataa kupakwa unga walifanyaje? Bette Davis, mwenye Oscar mbili, akiwa na miaka 54, mwaka 1962 alitoa tangazo kwenye gazeti la biashara ya sinema kule Marekani. Aliliandika kama tangazo la mtu yeyote anayetafuta kazi: mama wa watoto watatu, ametalikiwa, uzoefu wa miaka 30 kwenye filamu, anahitaji ajira ya kudumu Hollywood. Lugha ilikuwa ya mzaha, lakini mzaha wa mtu anayeona simu hailii. Mwaka huo huo ilitoka filamu yake na Joan Crawford, What Ever Happened to Baby Jane?, dada wawili wazee waliowahi kuwa maarufu, wamefungiana ndani ya nyumba moja wakiteseka. Davis anapaka poda nyeupe mpaka uso unaonekana kama ukuta uliopigwa chokaa, anatengeneza nywele kama za mtoto, anampelekea dadaye mlemavu panya kwenye sahani ya chakula. Filamu ilifanywa kwa bajeti ndogo na ikaingiza pesa nyingi. Basi watayarishaji wakaona njia. Miaka ile ya sitini zikafuatana filamu za wanawake wazee wa kutisha. Crawford mwenyewe akapewa shoka mwaka 1964.

Nimekaa hapa makusudi, mama. Watu wengi hudhani kigagula ni mila yetu, kwamba sisi ndio tunaoamini uchawi. Hollywood nayo ilipita huko huko, na kwa sababu ile ile: kumtisha mtazamaji kwa uso wa mwanamke mzee ni rahisi na hakugharimu. Huhitaji gari la kulipua. Unahitaji mwigizaji hodari asiye na kazi nyingine.

Na lile tangazo la Bette Davis lina ndugu yake India. Mwaka 2017 Neena Gupta, akiwa na miaka 58, aliandika kwenye Instagram kwamba anaishi Mumbai, ni mwigizaji mzuri, anatafuta nafasi nzuri za kuigiza. Mwaka uliofuata ikatoka Badhaai Ho. Yeye ni mama mwenye vijana wawili, mkubwa yuko kwenye umri wa kuoa, na huyu mama anagundulika ana mimba. Majirani wanacheka, watoto wanaona aibu, ndugu wanasema chini chini: kumbe wazee hawa bado! Hapo ndipo India ilipokubali kwa sauti kubwa kwamba mama wa picha la Kihindi ana chumba cha kulala chenye mlango.

Lakini kwangu mimi mwenye filamu ile ni Surekha Sikri, anayeigiza mama mkwe. Filamu karibu nzima anamsimanga mkwewe, hasa yule mama mkwe wa gubu unayemjua. Kisha kwenye harusi ya ukoo, wakwe na mawifi wanapoanza kumteta mwenye mimba, bibi anawageukia. Anawakumbusha kwamba huyo wanayemcheka ndiye aliyemhudumia yeye alipougua, wakati wao hawakuonekana. Hafanyi hivyo kwa upole. Anasimanga kwa mdomo ule ule, ila umegeuzwa upande mwingine. Alipewa tuzo ya taifa ya mwigizaji msaidizi kwa uhusika huo, akiwa amepita miaka 70. Mwandishi hakuhitaji kumfuta mama mkwe. Alimpa kumbukumbu na akili ya kupima mambo, basi.

Sasa twende kwenye televisheni, maana huko ndiko utaona pesa inavyofanya kazi.

Mwaka 1984 kituo cha CBS cha Marekani kilianzisha Murder, She Wrote. Angela Lansbury, yule wa kumzidi mwanawe miaka mitatu, sasa ana miaka 58 na anaigiza mjane aitwaye Jessica Fletcher, mwalimu mstaafu kama wewe, anayeandika riwaya za upelelezi katika kamji ka pwani. Popote anapokwenda kutembea, mtu anauawa, na yeye anamtaja muuaji kabla polisi hawajamaliza chai. Hana mume, hatafuti mume, hana mtoto wa kumlilia. Mwaka uliofuata NBC ikaja na The Golden Girls: wanawake wanne, wajane na waliotalikiwa, wanaishi nyumba moja Miami, wanakula keki usiku wa manane wakizungumza wanaume, maradhi na bili. Wote wanne walipata Emmy, tuzo kubwa ya televisheni kule. Hata hivyo mkono wa zamani ulikuwa haujatoka: Sophia, yule mama mtu mwenye mdomo, aliigizwa na Estelle Getty, ambaye kwa kweli alikuwa mdogo kwa mwaka mmoja kuliko Bea Arthur aliyeigiza binti yake. Wigi jeupe, miwani mikubwa, kipochi mkononi hata akiwa jikoni.

Vipindi vyote viwili vilitazamwa sana. Kwa nini basi havikuzaa vingine kumi? Kwa sababu televisheni ya Marekani ilikuwa haiuzi vipindi, iliuza watazamaji kwa wenye matangazo. Na wenye matangazo walilipa zaidi kwa mtazamaji wa miaka 18 hadi 49, kwa imani kwamba aliyevuka hapo ameshachagua sabuni yake na habadiliki. Jessica Fletcher alikuwa na mamilioni ya watu, ila ni watu wa umri usiouzika. Mwaka 1995 CBS ikamtoa Jumapili alikozoeleka, ikampeleka Alhamisi usiku kushindana na Friends ya NBC, vijana sita na kahawa zao. Mei 1996 kipindi kikafa baada ya misimu 12. Sehemu ya mwisho ilipewa jina Death by Demographics, yaani kifo kilicholetwa na takwimu za umri wa watazamaji. Waandishi walikuwa wanamjua muuaji.

Friends ilibuniwa na watu wawili, na mmoja wao ni Marta Kauffman, wakati huo akiwa na miaka 30 na kitu. Mwaka 2015, akiwa na miaka 58, Kauffman huyo huyo akabuni, pamoja na mwenzake Howard J. Morris, hicho kipindi chako cha Grace and Frankie. Mtu aliyesaidia kumzika Jessica Fletcher alizeeka, akataka kuandika watu wa rika lake, na akakuta Netflix. Wakati ule Netflix haikuwa na matangazo hata moja. Haikujali kama una miaka 19 au 79, ilijali kama ada ya mwezi imelipwa. Jane Fonda na Lily Tomlin nao wakaingia kama watayarishaji, si waigizaji wa kuitwa na kuambiwa wasimame wapi. Zikatoka sehemu 94 katika misimu saba.

Ukitazama, utaona mkono wa mtu mzima kwenye uandishi. Bado hujafika huko pengine, lakini kwenye msimu wa sita wanabuni choo kinachomwinua aliyekikalia. Kijana angeandika bibi anayesahau miwani. Anayejua kwamba kukaa chooni si kazi, kazi ni kuinuka, ni mtu ambaye magoti yake yameshaanza kulalamika.

Upande wa sinema mambo yamekwenda kwa kasi hata zaidi. Frances McDormand alichukua Oscar ya 2021 akiwa na miaka 63, kwa filamu ambayo yeye mwenyewe ni mmoja wa watayarishaji. Usiku huo huo Youn Yuh-jung wa Korea akachukua ya mwigizaji msaidizi akiwa na miaka 73. Mwaka 2023 ikawa Michelle Yeoh, miaka 60, kwa uhusika wa mama mwenye dobi ya mashine na deni la kodi, ambaye waongozaji walipoanza kuandika walimfikiria Jackie Chan. Jambo hilo linanifurahisha kuliko tuzo yenyewe. Waliandika mtu wa vituko na mapigano, kisha wakagundua kwamba mama wa makamo anaweza kuwa mtu huyo bila hadithi kuvunjika. Na ikawa nzuri zaidi kwa kuwa ugomvi mkubwa ukawa na binti yake.

Usinielewe kwamba kila kitu ni shwari. Huyo mwanamke mzee mpya mara nyingi ni mzungu, mwembamba, ana nyumba inayotazama bahari na nywele zilizotengenezwa asubuhi. Fonda mwenyewe amekiri hadharani kwamba alifanyiwa upasuaji wa urembo. Ukimlinganisha Rue McClanahan, aliyekuwa na miaka 51 The Golden Girls ilipoanza, na Sarah Jessica Parker aliyerudi kwenye runinga 2021 akiwa na miaka 56, utasema wa pili ni binti wa wa kwanza. Kwa hiyo mlango umefunguliwa, lakini pana bawabu anayetazama sura. Kate Winslet alipigana na bawabu huyo kwenye Mare of Easttown ya 2021, akiigiza askari mpelelezi ambaye ni bibi angali kwenye miaka ya arobaini: mwongozaji alipotaka kumfichia kitambi kwenye tukio la kitandani alikataa, na bango la tangazo akalirudisha mara mbili kwa kuwa walimfuta mikunjo. Demi Moore naye, kwenye The Substance ya 2024, anaigiza mtangazaji wa mazoezi aliyefukuzwa kwa sababu ametimiza miaka 50. Kuna kipande anajiandaa kwenda kuonana na mwanamume aliyesoma naye. Anapaka rangi ya mdomo, anarudi kwenye kioo, anafuta, anapaka tena, mpaka anausugua uso kwa hasira na haendi. Damu na vitisho vya filamu ile vyote havinifikii kama kile kipande. Oscar ya mwaka huo ikaenda kwa mwigizaji wa miaka 25. Simwonei wivu binti yule, aliigiza vizuri, nataja tu.

Haya, sasa kwetu. Kwanza nimtoe Mnaijeria, maana ndiye aliyetufundisha mama mkwe wa siku hizi. Patience Ozokwor, Mama G, alizaliwa 1958, na sura yake iliingia kwenye kanda za video za Afrika Mashariki kabla jina lake halijajulikana: yule mama anayemtilia mkwewe sumu au kumleta mke mwingine. Waigizaji wetu wakubwa wa kundi la Kaole, akina Bi. Hindu na Bi. Mwenda, tuliwazoea kwa ukali na vituko, na hodari walikuwa hodari. Natasha, mama yake Monalisa, ametuigizia umama tangu binti yake akiwa msichana kwenye skrini. Kenya, Mama Kayai wa Vitimbi pale KBC alikuwa na bahati zaidi: mke wa Mzee Ojwang, lakini mwenye akili na mambo yake, na kicheko hakikuwa juu ya uzee wake.

Ukiniuliza kwa nini kigagula hafi, nitakujibu kibiashara kabla ya kimila. Muvi ya Kibongo ya enzi za DVD ilipigwa kwa siku chache, ndani ya nyumba ya kuazima, na hadithi ikawa ya ndani ya nyumba: mume, mke, mchepuko, na mtu mmoja wa kuleta balaa. Mwigizaji mzee anaitwa siku moja, anafunga khanga, anakaa kwenye mkeka na kibuyu, vipande vyake vinarekodiwa vyote, analipwa ya siku hiyo na nauli. Huwezi kumpa mtu wa siku moja maisha ya ndani. Leo kazi nyingi zimehamia YouTube, na picha ya kubofya inayovuta mkono haraka ni ile ile ya bibi mwenye macho ya kutisha. Upande wa vichekesho ndiyo kabisa: kijana wa kiume anajifunga khanga, anapinda mgongo, anatetemesha sauti, na huyo ndiye bibi. Tumerudi kwa Nargis na unga wake, ila bila kipaji cha Nargis.

Na hapa siwezi kupita kimya kimya. Angalia mpakaji rangi anavyomtengeneza mchawi wetu: anakoleza wekundu kwenye macho. Usukumani, Shinyanga na Mwanza, vikongwe wameuawa kwa miaka mingi kwa tuhuma za uchawi, na macho mekundu ndiyo yamekuwa yakitajwa kama ushahidi. Wekundu ule ni wa moshi. Ni macho ya mtu aliyepika maisha yake yote kwa kuni na samadi kwenye jiko lisilo na dirisha. Sisemi muvi ndizo zinazoua. Mauaji yale yalikuwepo kabla ya kamera ya kwanza ya video kufika huko. Nasema mtu anayeshika brashi ya rangi nyekundu ajue anachora nini, na mtu anayeandika skripti ajue kwamba kijijini kuna mtazamaji anayeishi na bibi mwenye macho hayo hayo. Kama kuna jambo moja ningependa vyama vya waigizaji na vituo vya televisheni wakae waliongelee, ni hilo. Mama mkwe mwenye gubu ananichosha tu. Macho mekundu yananitia hofu.

Lakini usikate tamaa na bara hili. Mwaka 2018 Kemi Adetiba wa Nigeria alitoa King of Boys na kumpa uhusika mkuu Sola Sobowale, mwanamke wa miaka 50 na kitu ambaye Wanaijeria walikuwa wamemzoea kama mama wa bibi harusi. Humu ni Eniola Salami, mfanyabiashara mkubwa mchana, bosi wa magenge usiku, na anataka uwaziri. Anautaka yeye, kwa ajili yake. Ana watoto, anawapenda, lakini wao si sababu ya hadithi. Ni mwovu? Sana. Na bado anaupita mtihani wetu, kwa sababu uovu wake una mipango, una majuto, una historia. Mwanamke mzee si lazima awe mwema ili awe mtu. Filamu ilipata watazamaji wengi hata ikafuatiwa na mwendelezo wa Netflix 2021, ambalo ni jibu tosha kwa prodyuza anayesema watu hawataki kutazama wazee.

Na Zanzibar tulikuwa naye Bi. Kidude. Mwingereza Andy Jones alimfuata na kamera, na mwaka 2006 ikatoka As Old as My Tongue. Humo anavuta sigara, anapiga ngoma, anaongea anachotaka na anayemtaka, na mwongozaji amekuwa na adabu ya kumwacha. Sijaona mwandishi wetu wa tamthilia aliyechukua hata robo ya mwanamke yule akamweka kwenye hadithi ya kubuni: kungwi mwenye pesa zake, kwa mfano, anayegombania kiwanja na mdogo wake. Nyumba ile ile ya kuazima ingetosha, na bajeti ile ile.

Kwa vile una Netflix na una mjukuu, nikupe na ya kutazama. Nyingine utazitafuta kwingine, maana haziko zote mahali pamoja. Na mjukuu anzeni na Minari, familia ya Kikorea iliyohamia kulima Marekani. Mtoto anamlalamikia bibi yake kwamba si bibi wa kweli, hajui kuoka biskuti na anatukana. Kweli, bibi anacheza karata na kutazama mieleka. Huyo ndiye Youn Yuh-jung wa Oscar. Kisha Thelma ya 2024, ambayo sisi tutaielewa haraka kuliko Wamarekani: bibi wa miaka 93 anapigiwa simu na tapeli anayejifanya mjukuu wake aliyepata ajali, anatuma dola 10,000, na anapojua ameibiwa anapanda kiskuta cha umeme cha wazee na rafiki yake kwenda kuzidai. June Squibb, aliyezaliwa 1929, hapo ndipo alipopewa uhusika mkuu wa filamu kwa mara ya kwanza. Itazameni wote nyumbani, na aliyewahi kutumiwa ujumbe wa ile hela tuma kwenye namba hii akae mbele.

Badhaai Ho tazama na binti yako. Ikibidi mjukuu awepo, jiandae kwa maswali kuhusu hiyo mimba.

Ipo na Good Luck to You, Leo Grande ya 2022, Emma Thompson akiwa na miaka 63, mjane, na yeye pia mwalimu mstaafu, wa dini, anayemlipa kijana ili ajue mambo ambayo ndoa ya miaka mingi haikumwonyesha. Mwishoni anasimama mbele ya kioo bila nguo na kujitazama alivyo, bila kuzimiwa taa na bila kurekebishwa. Ni filamu nzuri sana. Hiyo itazame mjukuu akiwa shule.